Debe la Nyemvu

Kwa siku nne sikulala vizuri kwa sababu ya swali moja: je, nyanya yangu alikuwa ameweka mahindi yaliyooza jikoni kwa ajili ya hadithi yangu?

Nikiliandika hivi linaonekana swali dogo, hata la kuchekesha. Lakini mimi ndiye niliyetunga hadithi ile. Ndani yake kulikuwa na kuvu inayoota kwenye nafaka, na mtu akila punje moja yenye kuvu hiyo husikia sauti ya yule aliyeipanda. Babu yangu alikuwa amefariki miaka miwili kabla. Shamba letu alilifungua yeye, kwa jembe lake, na mbegu tulizokuwa tukipanda bado zilikuwa zile alizochagua yeye. Na kwenye kona ya jiko la nyanya, karibu na mafiga, kulikuwa na debe la mahindi yenye madoa ya kijani na kijivu, ambalo nyanya alikuwa amelifunika kwa leso safi. Hakuna mtu anayefunika kitu cha kutupwa kwa leso safi. Hilo ndilo lililokuwa likinizungusha kichwa.

Kwetu nyanya huitwa susu. Mimi nilipewa jina la babu, kwa hiyo Susu huniita mume wangu, mbele ya watu wote, na nilishazoea tangu utotoni. Tunazungumza Kikamba. Maneno yake nayaandika hapa kwa Kiswahili nikijua kuna utamu unaobaki nyuma.

Nilikuwa nimemaliza chuo mwaka uliotangulia, shahada ya mikrobiolojia. Baada ya kutuma maombi ya kazi kila mahali ninapopajua na mahali ambapo sijawahi kufika, nilirudi kwa Susu, upande huu wa Kithyoko, nikasema nimekuja kumsaidia. Ukweli ni kwamba yeye ndiye aliyekuwa akinisaidia. Nilikuwa nikichunga mbuzi watano, nikichota maji, na nikiandika hadithi kwenye simu.

Hadithi yenyewe niliianza nikiwa mwaka wa tatu, maabarani, tulipokuwa tukikuza kuvu kwenye visahani vya kioo. Wenzangu walikuwa wakiandika vipimo. Mimi nilikuwa nikiangalia yale manyoya laini yanavyotambaa na kujiuliza ingekuwaje kama yangekuwa na jambo la kusema. Nikatunga nchi ambayo maghala yake yana miguu. Mvua ikihama, maghala nayo huondoka yakaifuata, polepole, na watu huenda nyuma yao wakiwa wamebeba watoto na masufuria. Kwa kuwa wanahama hawawezi kukaa na makaburi. Badala ya makaburi wana nyemvu.

Nyemvu ni kuvu ya rangi ya kijani, laini kama shingo ya kifaranga. Gizani hutoa mwanga hafifu, kiasi cha kumwezesha mtu kuona vidole vyake. Haioti kwenye nafaka yoyote tu. Huota kwenye nafaka ambayo mtu aliipanda kwa mkono, punje baada ya punje, na huota baada ya mtu huyo kufa. Ukiweka punje hiyo mdomoni na kungoja iyeyuke, unamsikia aliyeipanda akizungumza. Hasemi mambo makubwa. Anasema yale aliyokuwa akisema shambani: leo jua ni kali, nani ameacha lango wazi, nipe maji. Lakini nyemvu ina bei yake. Kila ukisikia sauti ya mtu, neno moja linatoka kwenye mdomo wako na halirudi. Kwa hiyo wazee wa nchi ile, waliosikiliza sana, wamebaki na maneno machache, na wanayatumia kwa uangalifu.

Nilihangaika na kanuni zake kwa miezi. Niliwaza unyevu wa maghala, niliwaza mbegu za kuvu zinasafirije, niliwaza kama mtu anaweza kupoteza neno "maji" akafa kwa kiu akiwa hawezi kuliomba. Kwa kila kitu cha nyemvu nilikuwa na jibu. Nasema haya ili ieleweke kwamba nilikuwa na muda wa kufikiria kuvu ambayo haipo.

Jumanne wanawake wanne walikuja kwa Susu kupukuchua mahindi. Ni kikundi chao cha kusaidiana, kinachoitwa mwethya. Leo kwa huyu, kesho kwa yule, iwe ni kuchimba matuta au kuvuna. Mahindi yetu yalikuwa yamenyeshewa. Tulikuwa tumeyarundika uani, karibu na ukuta, tukijua mvua imekwisha, na mvua ikarudi kwa siku mbili ambazo hakuna aliyezitarajia. Ya juu yalikauka tena. Ya chini yalikaa kwenye unyevu.

Tulikaa kwenye kivuli cha jikoni, tukapukuchua kwa vidole gumba. Miongoni mwa wale wanne kulikuwa na jirani yetu wa ng'ambo ya korongo, ambaye ulimi wake unajulikana hadi sokoni. Alinitazama kwa muda, kisha akasema, "Msomi, wewe unapukuchua kama mtu anayeandika ujumbe kwenye simu. Hebu basi tusomee huo ujumbe."

Wakacheka, nami kwa aibu nikawasimulia habari za nyemvu. Sikutarajia kwamba wangesikiliza. Walisikiliza. Waliuliza maghala yanapitaje mto. Waliuliza kama mtu aliyepanda kwa jembe la ng'ombe hahesabiwi. Jirani aliuliza kama angeweza kumsikia mama mkwe wake, na nilipomwambia ndiyo, akasema basi yeye angeimeza hiyo punje nzimanzima bila kuingoja iyeyuke, maana mama mkwe aliondoka akiwa bado hajamaliza kumsema.

Susu aliuliza swali moja tu. "Hiyo sauti inakuja kama alivyokuwa mzima, au kama alivyokuwa mwishoni?"

Babu mwishoni alikuwa hasemi vizuri. Mimi ninayefikiria kila jambo mara kumi, mara hiyo nilijibu bila kufikiri. "Kama alivyokuwa mzima, Susu."

Akaitikia kwa kichwa, akaendelea kupukuchua.

Tulipofika chini ya rundo tukakuta mahindi yaliyoshika kuvu. Punje zilikuwa na unga wa kijani unaoelekea unjano. Mmoja wao akainua hindi moja akasema, "Hii hapa nyemvu ya msomi," na tangu hapo kila hindi baya likawa nyemvu. Wakawa wanapukuchua hayo kwenye debe, peke yake, wakitaniana ni nani anamsikia nani. Hadi jua linaanza kushuka, debe lilikuwa limejaa.

Mimi nilijua ile ni nini. Nilikuwa nimeisoma, nimeikuza, nimeitazama kwa darubini, nimefanyiwa mtihani juu yake. Ni kuvu inayotoa sumukuvu, sumu ambayo haionekani, haina harufu, na haiishi kwa kuchemshwa. Inaharibu ini. Watu wa huku wamewahi kuzikana kwa sababu ya mahindi ya namna hiyo, na chifu huwa anasema hivyo barazani. Ningeweza kusema pale pale. Sikusema. Nilijiuliza mimi ni nani wa kuwafundisha wanawake waliovuna mahindi kabla mama yangu hajazaliwa, mimi ambaye nakula hayo mahindi bure. Niliwaza jirani atasema nini. Niliwaza kwamba bila shaka debe lile limetengwa ili litupwe. Kisha Susu akaanza kuwapimia kila mmoja mahindi ya kupeleka nyumbani, gorogoro moja, kopo la kama kilo mbili, kama ilivyo desturi, na mimi nikaenda kuwafunga mbuzi, nikifurahi kuwa na sababu ya kuondoka.

Jumatano asubuhi niliona debe liko jikoni, limefunikwa kwa leso. Niliinua pembe ya leso. Mahindi yalikuwa yamepungua karibu nusu.

Hapo ndipo mawazo yangu yalipoondoka na mimi. Nilijiambia Susu ameyala. Nilimwona akilini ameketi peke yake, ameweka punje mdomoni, anaingoja iyeyuke, anasikiliza. Sikujiuliza mwanamke mmoja mwenye meno machache anawezaje kula nusu debe la mahindi makavu kati ya jioni na asubuhi. Mtu wa sayansi angeuliza hilo kwanza. Mimi niliona tu hadithi yangu.

Alhamisi niliandika kwenye simu maneno ya kumwambia. Ya kwanza yalianza, "Susu, samahani, kuna jambo." Nikayafuta kwa kuwa angedhani nimepata msichana. Ya pili yalikuwa na neno sumukuvu, ambalo ilibidi nilieleze, na maelezo yakawa marefu kama mhadhara. Katika ya tano nilikuwa nimeanza kumlaumu. Katika ya saba nilikuwa nalia kidogo, sijui kwa nini. Na siku nzima nilikuwa nikimwangalia macho kuona kama yanageuka manjano, hadi akaniuliza kama uso wake una masizi.

Ijumaa nikapata njia niliyoiona ya busara. Niliandika sura mpya. Katika sura hiyo nyemvu inawakasirikia watu wa nchi ile kwa kuila sana. Sauti za wafu zinageuka kuwa kelele, matumbo ya watu yanavimba, macho yao yanakuwa manjano, na maghala yanakimbia yakiwaacha. Niliona kwamba kama hadithi ndiyo iliyomwingiza, hadithi itamtoa, na hakuna atakayeaibika.

Nilimsomea mchana, akiwa anachambua maharagwe kwenye ungo. Alinisikiliza hadi mwisho bila kuinua kichwa. Kisha akasema, "Juzi haikuwa hivyo."

Nikamwambia hii ni sehemu ya pili.

"Juzi ilikuwa kitu kizuri. Leo inaua watu. Haijabadilika yenyewe, umeibadilisha wewe." Akaweka ungo chini. "Mume wangu, unazunguka nini? Sema."

Nikasema. Sikutumia maneno yoyote kati ya yale saba. Nilimwambia mahindi yaliyo kwenye debe yana sumu, kwamba nilijua tangu Jumanne, na kwamba nilikuwa naogopa anayala ili amsikie babu.

Alinitazama kama mtu anayetazama mbuzi aliyepanda juu ya paa. Halafu akacheka, kicheko cha kifuani kisicho na sauti, mpaka akashika goti.

"Babu yako," alisema, "nimemsikia miaka arobaini na saba. Alikuwa akianza kusema kabla ya jogoo. Nile mahindi yenye uchungu ili aanze tena?" Akafuta macho. Kisha akasema polepole kwamba wakati mwingine humsikia, ndiyo, akifungua lango hasa, lakini hiyo haihitaji mahindi.

Nilimuuliza kwa nini basi ameyafunika kwa leso. Akasema ni ili kuku wasiyadonoe. Hakuwa amepata kifuniko.

Akanieleza jambo ambalo ningelijua kama ningekaa jikoni zaidi. Mahindi yenye doa hayakai ghalani, kwa hiyo ndiyo yanayotangulia kuliwa. Yanatengwa kwa ajili ya muthokoi, mahindi ya kutwangwa yanayopikwa na maharagwe. Unayalowesha kidogo, unayatwanga kwenye kinu mpaka ganda litoke, unapepeta, na doa linaondoka na ganda. Mahindi yanabaki meupe kama ya kununua. Ndivyo mama yake alivyofanya, na mama yake huyo naye. Doa likienda, ubaya umekwenda.

"Doa linaenda, Susu. Sumu nyingine inaondoka na ganda, nyingine inabaki ndani. Na huwezi kujua imebaki kiasi gani."

"Hata ukichemsha siku nzima?"

"Hata ukichemsha siku nzima."

Akauliza kama yanaweza kuwa ya kuku, basi. Nikamwambia kuku watakufa, na wasipokufa tutaila sumu kwenye mayai. Akauliza kama anaweza kumpa mtu wa kupikia pombe. Nikamwambia hapana. Hayo yote aliyauliza kwa utulivu, kama mtu anayetafuta mahali pa kuweka mzigo, na kila nilipomjibu alikubali. Nilishangaa. Kwa siku nne nilikuwa nimejiandaa kwa ugomvi ambao haukuwepo.

Kisha mkono wake ukasimama juu ya maharagwe.

"Na ya wenzangu?"

Sikuelewa.

"Gorogoro nne," alisema. "Niliwapimia kutoka kwenye debe hilo. Ni ya muthokoi, ndiyo tunayopeana."

Nusu debe. Ile nusu niliyodhani ameila ilikuwa imetoka kwenye lango letu Jumanne jioni, juu ya migongo ya wanawake wanne, wakati mimi nafunga mbuzi. Nyumba nne. Nilikuwa nimekaa macho kwa ajili ya Susu na babu na hadithi yangu, na hasa kwa ajili ya hadithi yangu, na sikuwa nimewafikiria wale wanne hata mara moja. Jirani wa ng'ambo ya korongo ana wajukuu watatu.

Susu alikuwa ameshaanza kuinuka, akishika ukuta. Akasema atakwenda mwenyewe, hata kwa goti lake. Atawaambia macho yake siku hizi hayaoni vizuri, kwamba amechanganya debe la kutupwa na debe zuri. Watamcheka kidogo kisha watasahau. Niliona alivyokuwa amelipanga haraka, na niliona pia anachokikwepa. Kumpa mtu chakula kibaya baada ya kukufanyia kazi ni jambo ambalo kwetu linaweza kukufuata miaka mingi. Afadhali uzeeni useme macho ni mabovu.

Na ingekuwa rahisi kwangu. Angekwenda yeye, angesema uongo wake, mimi ningebaki kuchimba shimo la kuyafukia mahindi. Kwa kawaida jambo kama hilo ningelipa siku nne nyingine. Ningeandika kwenye simu. Lakini nilijua mahindi ya muthokoi hutwangwa leo yakapikwa kesho, na kesho yake ilikuwa imeshapita mara mbili.

"Macho yako yanaona mbuzi wa watu wakiwa ng'ambo ya mto," nilimwambia. "Keti, Susu. Nitakwenda mimi."

"Utawaambia nini?"

"Kwamba nilijua."

Hakubisha. Alitoa gorogoro, akapima mahindi mazuri kutoka gunia la juu, gorogoro nne, kila moja ikiwa na kilele, na akayatia kwenye mifuko minne. Nikayapakia kwenye wilbaro pamoja na ndoo tupu. Nilipokuwa natoka langoni alisema nianze na jirani, kwa sababu nikianza na mwingine yeye atazipata habari kabla sijafika, na zitakuwa zimeshageuka.

Nilimkuta jirani jikoni kwake, moshi umejaa, sufuria kubwa iko juu ya moto. Aliona wilbaro akaniuliza kama sasa nimeajiriwa kubeba mizigo. Nikamsalimu vizuri. Kisha nikamwambia mahindi aliyopewa Jumanne yana sumu, asiyapike, na kama ameyapika asiyape watoto.

"Nani amesema?"

"Nimesema mimi. Ndicho nilichosomea. Nilijua siku ileile, mkiyapukuchua, nikanyamaza. Susu hakujua."

Akainua kifuniko cha sufuria. Muthokoi ilikuwa ikichemka na maharagwe, nyeupe kabisa, inanukia vizuri. Hakuna mtu ambaye angeiona akadhani ina kitu.

"Tulionja juzi," alisema. "Sahani moja moja. Na hatujafa."

Nikamwambia sahani moja mara nyingi haiui, ubaya wake ni kula tena na tena, lakini kwa mahindi yaliyoshika kuvu kiasi kile nisingemhakikishia mtu. Nikamwambia awaangalie watoto: wakitapika, tumbo likiuma, macho au mkojo ukiwa manjano sana, asingoje, awapeleke hospitali na aseme ni mahindi. Nilimwambia mara mbili.

Alitazama sufuria. Kuni zilikuwa zimeshika, chakula cha watu watano kilikuwa karibu kuiva, na wajukuu wangefika kutoka shule saa yoyote.

"Siku nne," alisema. "Umekaa na neno moja siku nne. Kumbe hao watu wa hadithi yako, wanaoishiwa na maneno, ni wewe."

Akachukua vitambaa viwili, akaishika sufuria masikioni, akaiepua na kuimimina yote kwenye ndoo yangu. Kisha akaingia ndani akatoka na mahindi yaliyobaki, yaliyofungwa kwenye mfuko, akayaweka juu ya wilbaro. Nikampa mfuko wa Susu. Akaufungua, akachota punje kiganjani, akazikagua moja moja kwenye mwanga wa mlango kabla ya kuupokea.

Nilivuka korongo nikisukuma wilbaro, ndoo ikimwagika kidogo kila palipo na jiwe. Nilikuwa nimeacha simu kwa Susu. Kwenye lango la nyumba ya pili nilisimama kuvuta pumzi, nikasikia kinu kikitwanga ndani, nikapiga hodi.